Neno Kwenye Ukoka

"Itangazwe kwa wakubwa na wadogo, kwa mbuzi na kwa kuku, kwamba Balozi amerejea nyumbani kwa likizo, na kwamba kuanzia leo kilimo cha familia hii kitaendeshwa kisomi."

Tangazo hilo alilitoa mwenyewe, akiwa amesimama juu ya sanduku lake la bati katikati ya uwanja, mkono mmoja kifuani. Mbuzi walimtazama. Kuku mmoja alijisaidia karibu na kiatu chake. Bibi yake, aliyekuwa barazani akipepeta mahindi, hakuinua hata uso.

"Shuka kwenye sanduku kabla halijabonyea," alisema. "Na ukishashuka, zizi halijazolewa."

Basi kazi ya kwanza ya kisomi ikawa kuzoa mavi ya mbuzi.

Jina la Balozi alilipata shule ya bweni, siku alipovaa tai ya kuazima akaenda kumweleza mwalimu mkuu, kwa niaba ya bweni zima, kwamba uhusiano kati ya wanafunzi na uji wenye wadudu umevunjika rasmi. Wadudu walibaki kwenye uji. Yeye aliosha masufuria muhula mzima. Lakini jina lilimkaa vizuri, akarudi nalo nyumbani kama mtu aliyepandishwa cheo.

Mavi ya mbuzi aliyapeleka kwenye shimo la mboji, ambako mama yake alikuwa akiyapokea kama mtu anayepokea wageni wa harusi. Mama hakutupa kitu. Maganda, majivu, majani makavu, vyote vilizikwa shimoni, vikaoza, vikafufuka vikiwa vyeusi na laini, kisha vikapelekwa shambani. Alikuwa akifanya hivyo tangu baba yake Balozi alipofariki, na watu walidhani ni majonzi. Hayakuwa majonzi. Alikuwa ameamua kuuponya udongo.

Mteremko mzima ulikuwa wa bibi. Nusu alilima mama, nusu alilima mjomba, na mpaka wao hata kipofu angeujua: upande wa mjomba jembe liligonga likalia kama limepiga sufuria, upande wa mama lilizama. Mjomba alikuwa na duka la mbolea na dawa za shamba pale sokoni. Kila alichouza alililisha pia shamba lake, na kila mwaka udongo ulidai zaidi, kama mlevi. Mwaka huu hakupanda kabisa. Alikuwa amempata mtu wa nguzo, mfanyabiashara aliyetaka kukodi mteremko apande mikaratusi ya kukata nguzo za umeme. Alitaka mteremko mzima. Nusu hakuitaka hata bure.

Mama alikataa. Mikaratusi ingeinywa chemchemi ya bondeni ikaimaliza, na ardhi iliyolala na mikaratusi haiamki tena na maharage. Lakini neno la mwisho lilikuwa la bibi, na bibi alikuwa amechoka. Msimu wa kwanza wa mboji jua lilikausha kila kitu. Msimu wa pili wadudu walikula.

"Misimu miwili nakula udongo wako mzuri," alimwambia mama. "Haushibishi, mwanangu. Nakupa huu wa tatu. Maharage yakijaa, mtu wa nguzo aende zake. Yasipojaa, sitaki tena kusikia habari za mboji."

Na yalikuwa yanajaa. Balozi alipokwenda kuyaona aliyakuta yamefika magotini, majani mapana, maua yameanza. Mama alipita kati ya mistari akiinua matandazo ya nyasi kumwonyesha minyoo.

"Unaiona? Hii ndiyo inayolima. Mimi msaidizi tu."

"Inalipwa?" Balozi aliuliza.

"Inalipwa mavi uliyozoa jana."

Mjomba alikuwa akipita njia ya juu kwenda dukani. Alisimama, akaegemea baiskeli.

"Dada, minyoo haijambo?"

"Haijambo, inakusalimu. Inauliza kama kwako hakuna chumba cha kupanga."

"Kwangu ilihama."

"Haikuhama. Uliizika."

Mjomba alicheka. Walikuwa wamegombana hivyo tangu utoto, na ungedhani ni mchezo kama hukujua kilichokuwa kinagombaniwa. "Na wewe mjomba," alimwambia Balozi, "huko shuleni hamfundishwi dawa? Mama yako anatibu wadudu kwa mchuzi wa pilipili."

Alipokwisha kwenda, mama alipangusa mikono kwenye kanga yake, akatabasamu peke yake.

"Unajua tulikuwa tunamwita nani utotoni? Bamia. Mwembamba hivi, na pua haikauki utelezi. Tulilijua wawili tu, mimi na bibi yako. Akilisikia alikuwa analia mpaka anakataa kula. Apa kwamba hutalitamka."

"Naapa, sitalitamka."

Iandikwe kwa heshima yake kwamba kiapo hicho Balozi alikitunza. Hakulitamka. Aliliandika.

Mbele ya nyumba ya mjomba, chini kabisa ya mteremko, kulikuwa na uwanja wa ukoka uliotunzwa kuliko mtu yeyote aliyeishi pale. Watoto hawakuukanyaga. Kuku waliupita kando. Balozi alipokaa juu ya mteremko aliuona wote, kijani na tambarare kama ukurasa, na ukurasa mtupu ulikuwa mtihani ambao hajawahi kuushinda. Alijua kwamba dawa ya magugu haionekani siku inaponyunyizwa. Huonekana baadaye, polepole, wakati mkosaji ameshakwenda zake. Hakuna mzaha wa shule uliowahi kuwa na adabu kama hiyo.

Chupa ya dawa ilikuwa kwenye baraza ya mjomba. Bomba la mjomba la kunyunyizia lilikuwa limefungiwa dukani, kwa hiyo Balozi alichukua la mama, lile la kubeba mgongoni, ambalo halijawahi kuingizwa sumu tangu linunuliwe. Alisubiri mpaka mjomba yuko sokoni na mkewe kaenda kusaga. Kisha akaandika, herufi kubwa kama vitanda, akirudi nyuma hatua kwa hatua ili asikanyage kazi yake. Ukoka ulimeremeta kidogo, ukakauka, ukawa kama haukuambiwa kitu.

Alikuwa anapeleka bomba kisimani kulisuuza aliposikia kikohozi cha bibi njiani. Alilirudisha mbio chini ya upenu wa ghala, dawa iliyobaki ikichezacheza ndani. Atalisuuza jioni, alijiambia. Lakini jioni bibi alimtuma kuni, na baada ya kuni kulikuwa na chakula, na baada ya chakula Balozi alilala usingizi wa likizo, ambao ni mzito kuliko wa mtu asiye na hatia.

Mama alikuwa na desturi yake. Kila alipomaliza kutumia bomba alilisuuza, kisha akaacha maji safi kidogo ndani, kwa sababu mpira wa ndani ukikauka hupasuka. Asubuhi alipolitikisa na kusikia kitu kinacheza chini, aliridhika. Wadudu weusi wadogo walikuwa wameanza kujikusanya chini ya majani ya maharage, na yeye alikwisha kuandaa dawa yake tangu jana: majani ya mwarobaini, pilipili, majivu na sabuni, vimelala kwenye ndoo. Alimwamsha Balozi.

"Njoo unishikie chujio."

Balozi alifika ghalani akifikicha macho, akashika kitambaa cha kuchujia juu ya mdomo wa bomba, na mchuzi wa kijani ukaanza kushuka. Hapo ndipo usingizi ulipomtoka. Alisikia unavyoingia: si katika bomba tupu, bali juu ya kitu.

Angeweza kusema. Kitambaa kilikuwa mikononi mwake, maneno mdomoni. Lakini kusema kuhusu bomba kulikuwa ni kusema kuhusu ukoka, na kiapo, na Bamia, na mzaha ulikuwa bado haujaota. Isitoshe, alijiambia, ni kidogo, na bomba ni kubwa. Kidogo katika kingi kitadhuru nini.

"Mbona umenyamaza?" mama aliuliza. "Unaumwa?"

"Ninatafakari kuhusu taifa."

"Tafakari huku umeshika vizuri. Dawa inamwagika."

Mama alilibeba bomba mgongoni, akaanza mistari ya juu, akishuka. Aliimba kidogo. Bomba lilipokwisha alirudi kulijaza, na tena, mpaka akafika chini.

Kwa siku kadhaa hakukuwa na chochote, na Balozi akaanza kupumua. Kisha majani ya juu yakapauka. Yakawa manjano kuanzia machipukizi, yakajikunja, maua yakadondoka kwenye matandazo. Mistari ya chini haikufa, ilisimama tu, kama watu waliosahau walichokuwa wanakwenda kufanya, na haikuweka hata ganda moja.

Siku hizo hizo ukoka nao ulianza kubadilika. Balozi, ambaye hajawahi kujitolea kwa lolote, alijitolea kumwagilia uwanja wa mjomba asubuhi na jioni. Alimwaga ndoo baada ya ndoo, akijaribu kuifuta kwa maji kazi ambayo maji hayaifuti. Mjomba aliguswa.

"Sasa nakubali shule inasaidia," alisema. Akiwa mlangoni, karibu mno na ukurasa, aliona mabaka tu. "Huu ni ukungu. Nitauwekea dawa." Akauwekea dawa ya ukungu, ya bei kubwa, na mabaka yakaendelea kukomaa.

Mama alikaa kati ya mistari ya juu siku nzima, akigeuza jani moja moja. Hakutafuta wa kumlaumu. Ndilo lililokuwa baya kuliko yote.

"Nilizidisha sabuni," alisema wakati wa kula. "Au pilipili. Huku juu ndiko nilikoanza, dawa ikiwa nzito. Sikukoroga vizuri."

"Pengine si dawa," Balozi alisema kwenye sahani yake.

"Ni nini basi?"

Balozi alijaza tonge mdomoni. Mama alimsubiri, kisha akamwongezea mboga.

Bibi alipanda mteremko taratibu kwa mkongojo wake, akatazama, akashuka. Hakugomba. Alikaa karibu na binti yake, akamshika goti.

"Umejitahidi," alisema. "Nimempa yule mtu neno langu."

"Ni mkono wangu mwenyewe, mama," mama alisema. "Siwezi kubisha."

Mtu wa nguzo hakuja mwenyewe. Alituma vijana wawili wenye nyundo na furushi la vigingi. Familia yote ilipanda kushuhudia mipaka: bibi, mama, mjomba aliyekuwa hajui aweke wapi uso wake maana alishinda na ushindi haukuwa mtamu, na Balozi nyuma kabisa. Vigingi vya nusu ya mjomba viligoma, vikachongwa upya. Vya upande wa mama viliingia kwa pigo moja moja.

"Udongo mzuri huu," mmoja wa vijana alisema, bila nia mbaya. Mama aligeuka pembeni.

Yule kijana alijinyoosha kupangusa jasho. Akatazama bondeni. Akaanza kucheka.

"Jamani. Huyo Bamia ni nani?"

Kutoka pale juu lilisomeka kama kwenye ubao. Herufi tano za manjano, kutoka ukingo hadi ukingo wa uwanja wa kijani, mkia wa A ya mwisho ukiwa umepindishwa kwa madaha.

Mjomba alisoma. Midomo yake ilijongea kama ya mtoto. Kisha akamgeukia dada yake.

"Dada. Ulimwambia nani?"

Na mama alitabasamu. Hakuwa ametabasamu tangu majani yapauke. Lilimtoka tu, akaziba mdomo kwa kiganja, na macho yake yakamtafuta mwanawe kwa namna ambayo siku nyingine ingekuwa nusu ya kuchapwa na nusu ya kukumbatiwa. Balozi karibu atabasamu naye.

Halafu tabasamu likazimika. Mama aliutazama tena ule umanjano wa bondeni. Akageuza kichwa, akautazama umanjano wa mistari ya juu, miguuni pake. Ulikuwa mmoja.

"Uliandika kwa dawa gani?"

"Ya magugu. Ya mjomba."

"Kwa bomba la nani?"

Balozi alikuwa na hotuba kwa kila tukio. Alikuwa na hotuba ya kuchelewa, ya kuvunja dirisha, ya kukutwa jikoni na mkate wa mwalimu. Alizitafuta zote pale mteremkoni, hakukuta hata moja.

"Lako, mama."

"Na siku ile uliponishikia chujio. Ulijua?"

"Nilijua. Nilisikia. Nilidhani ni kidogo." Kisha yakamtoka yote, bila mpangilio, kikohozi cha bibi na kuni na usingizi, na kwamba si sabuni, na wala haikuwa pilipili, na mkono wake mama haukukosea kitu.

Mjomba alikuwa ameinamisha kichwa. "Mama," alimwambia bibi kwa sauti ndogo, "kama ni dawa yangu ndiyo iliyoua, basi dada hakushindwa."

Kijana wa vigingi alikuwa ameshikilia nyundo hewani. "Tuendelee, bibi, au tungoje?"

Bibi alimtazama binti yake, akamtazama mjukuu wake, na mwisho maharage.

"Yatafufuka?"

Mama alitikisa kichwa.

"Ghalani hamna kitu," bibi alisema. "Na neno nimeshampa mtu. Endeleeni."

Nyundo ikashuka. Kigingi kikaingia kwa pigo moja.

Mama hakumpiga Balozi wala kulia. Alimsogelea karibu, kama mkulima anayeuliza jambo la kazi.

"Kilichobaki kwenye bomba kilikuwa kiasi gani?"

Balozi aliinua mkono, akamwonyesha kina chake kwa vidole vitatu vilivyobanana. Alitaka kuushusha mkono, lakini mama alikuwa bado anaviangalia.