Faili la Mfumo Halipo

Ndugu wasikilizaji, kwa huzuni isiyo na kifani natangaza kwamba mashine ya michezo ya dada yangu imefariki dunia asubuhi hii, mbele ya mteja wake wa kwanza.

Sawa, haikufa. Ilinuna. Orodha ya michezo ilitokea vizuri, ila kila mchezo ulioguswa ulijibu vilevile: "Faili la mfumo halipo."

"Lipo!" dada aliikemea skrini. "Si hili hapa kwenye folda?"

Dada huchukua kompyuta kuukuu, huifungia ndani ya kabati lenye vitufe, kisha programu huiga mashine za michezo za zamani. Bila faili la mfumo haianzi, na faili lenyewe lazima liitwe jina lake kamili.

Mteja, mwenye ukumbi wa michezo, aliangalia saa mara ya tatu. Baba alisimama mlangoni, mikono nyuma. Alikwishasema: isipowaka leo, sebule inarudi kuwa sebule, na vyombo vya ufundi vinatoka.

Mimi nilijinyoosha kwenye kochi. Dada ndiye aliyempa baba barua ya shule ya bweni niliyoificha, ya kunisimamisha masomo wiki mbili, na tangu hapo hatuivi chungu kimoja.

"Fundi mkuu," nikamwita, "jaribu kuibembeleza."

"Nyamaza, mfungwa."

"Mfungwa ana nafuu. Hana mteja."

Alichomoa nyaya, akazirudisha. Akafuta michezo yote, akaiweka upya. Faili la mfumo halipo. Baba akainama, akabeba sanduku la bisibisi. Mteja akainuka.

Ushindi ukanipanda kichwani. "Miaka yote hiyo shuleni, dada, herufi moja tu inakutoa jasho?"

Dada akanigeukia.

"Herufi gani?" dada akauliza polepole. "Nani ametaja herufi hapa?"

Akalisoma jina la faili kwa kidole, hadi mwisho. Akafuta herufi moja. Mashine ikapiga muziki, lakini hakuna aliyeitazama. Wote watatu walinitazama mimi.

"Labda paka alikanyaga kibodi," nikasema.

"Hatuna paka," akajibu baba, akiweka sanduku chini.

"Basi ni mimi. Niliiongeza alipokuwa anaoga." Nikamgeukia mteja. "Shikamoo, mzee. Mashine haina ubaya wowote. Nilitaka tu uondoke umemdharau."