Andor Halmi Mahameni Ibra

Mama yangu, Fakhriya, alisomea udaktari wa meno Budapest. Wakati ndugu zake, baada ya mapinduzi, wanahangaika kutoka Unguja kuja Oman, yeye alikuwa kwenye theluji ya Hungaria akijifunza lugha yao. Huko ndiko alikomwona mara ya kwanza Andor Halmi, mtengenezaji wa michezo ya kuigiza.

"Serikali ilimfungia ukumbi wake," alikuwa akinisimulia. "Basi akawa anatengeneza michezo sebuleni kwake. Tumekaa sakafuni, mlango umefungwa, na mkewe anamenya viazi mbele yetu. Anamenya tu, hasemi neno. Nikajikuta nalia, Khulood. Mpaka leo sijui kwa nini."

Baadaye walimfukuza nchini. Akafanya mchezo Vienna ndani ya bwawa la kuogelea lisilo na maji, mwengine ndani ya ghala la samaki Uholanzi. Magazeti yalimwita mwendawazimu, kisha magazeti yale yale yakamwita bingwa. Utawala wa zamani ulipoanguka akarudi kwao, akapewa ukumbi mkubwa wenye viti vya mahameli. Akaukataa. Alisema viti vile vinawalaza watu.

Mama alipokwenda Budapest kwenye mkutano wa madaktari alimtafuta, akamweleza habari za mtaa wetu wa zamani katika mji wa Ibra, huku Oman, majumba ya udongo yaliyohamwa. Mwaka 1999 akaja mwenyewe, mzee mrefu, mwembamba, kofia ya majani kichwani.

Tulimpeleka mahameni. Milango ya kuchongwa ilikuwa imesimama bado, mapaa yameporomoka, jua linaingia hadi vyumba vya ndani. Aliweka kiganja ukutani. Kisha akasema maneno, Mama akanifasiria: "Anasema hapa hahitaji waigizaji. Anataka watu waliowahi kuacha nyumba."

Ibra, watu hao hawatafutwi. Kila familia ina wake.

Mjomba Harub, kaka yake Mama, mstaafu wa wizara, alipopata habari alikuja kwetu amekasirika.

"Fakhriya, umeingiwa na nini? Watu wazima wakacheze mchezo mahameni?"

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Nijibu."

"Hawachezi. Kila mtu anaingia chumba chake, anafanya kwa mikono kazi ya mwisho aliyoifanya katika nyumba aliyoiacha. Khalas."

"Wazimu wa kizungu huo!"

"Basi njoo, uilinde heshima ya mtaa."

Kwa hilo tu, akaja.

Ilikuwa Ijumaa baada ya alasiri. Tulipita chumba hadi chumba kama watu walioingia msikitini. Bi Amna alikuwa akikunja nguo zisizokuwapo, anazinusa moja moja kabla ya kuziweka. Khelef, aliyezaliwa Bujumbura, alifunga duka lisiloonekana, akajaribu makufuli, akajaribu tena. Hakuna aliyecheka.

Tukafika kwenye chumba kitupu. Mjomba Harub akasimama kizingitini. Alitazama ndani, akampa Mama fimbo yake, akaingia.

Kwa mikono miwili alisukuma kitu kizito, na sote tukajua ni komeo. Akaweka sikio kwenye mlango ambao haukuwapo.

Mama alinikamata mkono. "Ya Rabbi," akanong'ona. "Nyumba yetu ya Malindi, Unguja. Siku waliyomchukua Baba. Mimi nilikuwapo. Baba alimwambia, funga nyuma yangu, usimfungulie mtu. Kaka hajapata kuisema siku hiyo."

Babu hakurudi tena. Hilo sisi watoto tulilijua. Mengine hatukuyajua.

Mjomba alisikiliza. Kisha akalivuta komeo taratibu, akafungua mlango wote, akarudi nyuma.

"Karibu, Baba," alisema. "Pita."

Akainama, akabusu mkono wa mtu tusiyemwona. Macho yake yakamfuata mtu huyo akipita chumbani kuja upande wetu, na wallahi, watu waliosimama nyuma yangu walijibana ukutani kumpisha. Hata mimi nilisogea.

Andor alikuwa ameivua kofia, ameikumbatia kifuani. Alikuwa amepanga onyesho jengine uani, watu wanangoja. Akatikisa kichwa. Mama akasema, "Anasema yamekwisha. Hakuna la kuongeza juu ya hili."

Asubuhi yake Mjomba alikuja na gari kumpeleka mgeni mji wa Nizwa, mwendo wa karibu saa mbili, bila ya kuombwa. Mimi na Mama tulikaa nyuma. Tulipotoka mjini tu, Mjomba akaanza kusema, kwa Kiswahili, habari za baba yake: alivyovaa kanzu, alivyopenda kahawa chungu, sauti ya viatu vyake siku ile anashuka ngazi. Andor alimgeukia, akawa anamtazama usoni.

Mama akainama mbele afasiri. Andor akainua mkono, akamzuia kwa upole.

"Anasema niache," Mama aliniambia. "Anasema anamsikia."

Tulipoingia Nizwa, Mjomba alikuwa bado anasimulia.