Ugundi wa Baba Mdogo

Mtaani kwetu mtu akikwepa swali haambiwi anapiga chenga. Anaambiwa ana ugundi. Mgeni hulisaka neno hilo kwenye kamusi mpaka macho yamtoke. Halimo. Lilizaliwa kibandani kwa baba mdogo, fundi viatu, ambaye jibu lake kwa kila mteja ni lilelile: "Gundi haijakauka. Kaa kwanza."

Basi watu hukaa, na wakikaa huongea: nani kaoa, nani kaachwa, nani kahama kimyakimya. Sisi wa nyumbani tulijua viatu vilikuwa tayari kitambo, vimejibanza nyuma ya pazia vikisikiliza umbea kama sisi. Tangu afiwe na mkewe, baba mdogo aliogopa benchi tupu kuliko njaa.

Hayo ni ya wateja wengine. Sandali za mama msusi wa ng'ambo ya barabara zilikuwa na gundi ya peke yake. Miezi inapita, haikauki. Kila jioni akija kuziulizia, baba mdogo hujipangusa mikono na kumsogezea kiti chenye mto, na benchi zima hushikwa na kikohozi.

Juzi alikuja mchana, teksi ikimngoja, mabegi yamejaa mpaka kiti cha mbele. Anahamia kwa binti yake, mji mwingine. Alisema amefuata sandali zake, kisha akauliza taratibu, "Au kuna jambo lingine, fundi?"

Benchi zima tukainamia mbele kusikiliza.

"Gundi..." alianza baba mdogo. Macho yake yakavuka barabara, yakatua kwenye kufuli jipya la mlango wa saluni yake msusi. Aliingia nyuma ya pazia, akatoka na sandali zinazong'aa kama za bibi harusi.

"Zilikuwa tayari tangu siku ya pili, mama. Nilikuwa nakuzuia. Hata sasa nakuzuia. Usiende."

Msusi alizipokea, akaketi, akavaa mguu mmoja. Akapitisha kidole kwenye mkanda, pale ulipoungwa, polepole.

"Huu mkanda haukukatika wenyewe," alisema. "Niliukata kwa mkasi wangu."

Teksi ikapiga honi. Yeye alibaki ameinamia mguu wa pili, akihangaika na kishikizo ambacho, kwa macho yetu sote, hakikuwa na tatizo lolote.