Michungwa ya Shamba Namba 171

Bibi Anusaya Kohale alipoingia ofisini kwangu mjini Nagpur mara ya kwanza, alinitazama kuanzia kichwani hadi miguuni.

"Wewe ndiye wakili? Na koti jeusi katika joto hili, unakwenda kumtisha nani?"

"Majaji, Bibi."

"Basi vaa mawili."

Shamba lake lilikuwa limechukuliwa na serikali ili kujenga bwawa. Lilikuwa namba 171: ekari nne, kisima alichochimba marehemu mumewe, Namdeo, na michungwa sabini na mitatu. Lakini karani aliyeandika hati ya fidia aligeuza tarakimu, akamwekea maelezo ya namba 117, kipande cha mawe kule kilimani. Bibi akalipwa bei ya mawe. Ofisi ya ardhi ikamwambia makosa ya uandishi husahihishwa ndani ya miezi sita tu. Hati yenyewe ilimfikia mwezi wa nane baada ya kuandikwa. Kwa miaka tisa alikuwa akienda na kurudi.

"Unataka nini hasa?" nilimuuliza.

"Waandike kwamba ile michungwa ilikuwepo. Kabla kisima hakijatoa maji, Namdeo aliinywesha kwa ndoo misimu mitatu. Karatasi yao inasema hapakuwa na kitu. Kwani mimi nilikuwa naota?"

Nilifungua shauri Mahakama Kuu, kuomba ofisi iamriwe kusahihisha hati. Wakili wa upande wa pili alisema shamba limezama na hakuna wa kuthibitisha kilichokuwepo. Nikamwomba jaji atume mkaguzi mwezi wa Mei, maji ya bwawa yanapopungua. Akakubali.

Tulikwenda siku ya joto kali. Tope lilikuwa limekauka na kupasuka. Mkaguzi, Bwana Wasnik, alishika mwavuli. Mpima ardhi alibeba ramani. Ofisi ya ardhi nayo ilimtuma afisa kijana. Bibi alivua kandambili akatangulia.

"Hapa palikuwa na lango, pale mlango wa nyumba. Hapa ng'ombe alilala." Hakuwa akisema nasi.

Kisha akapiga magoti, akaanza kufukua kwa mikono. Likatokea duara la mawe yaliyopangwa vizuri, mdomo wa kisima. Kando yake visiki vyeusi vilisimama safu kwa safu. Bwana Wasnik alihesabu sitini na kimoja. Vingine vilikuwa vimesombwa.

"Huenda ni vya shamba jingine," alisema yule afisa.

"Mwanangu, mlete huyo mwenye shamba jingine tusalimiane."

Hata Bwana Wasnik alicheka. Mpima ardhi akapima mara mbili: 171.

Tulipotaka kuondoka, Bibi alikataa. "Nendeni mkanywe chai." Aliketi ukingoni mwa kisima, miguu imening'inia ndani. Nilimsikia akizungumza kwa sauti ya chini: binti yao ameolewa, mkwe si mbaya, bei ya pamba imeshuka. Sikusogea karibu. Chai ilinywewa mara mbili kabla hajainuka.

Hukumu ilitoka Agosti. Jaji alisema kosa ni la ofisi. Ule muda wa miezi sita unamfunga afisa, hauifungi mahakama. Hati isahihishwe ndani ya siku sitini na Bibi alipwe tofauti pamoja na riba. Kwa kuwa daftari la zamani la kijiji lilitaja miti sabini na mitatu, yote iliandikwa, na kisima pia.

Nilimsomea kwa Kimarathi. Akaniomba nirudie, kisha nirudie tena.

"Na wameandika aliyechimba?"

"Hapana, Bibi. Sheria haiulizi hilo."

Alikunja pindo la sari yake. "Ungewaambia waulize."

Fidia ilifika kabla ya sikukuu ya Diwali. Alinunua ekari mbili zenye pamba tayari karibu na binti yake, udongo mweusi mzuri, akajenga na nyumba ndogo. Nilimtembelea Januari. Alinipa mkate wa mtama na pilipili ya kusaga, akasimama mlangoni akitazama pamba yake ikichumwa.

"Umepazoea, Bibi?"

"Pazuri. Majirani wema. Lakini kila asubuhi nikiamka, naelekea mlangoni, najigonga ukutani. Miguu bado inaujua mlango wa kule."