Mkutano Chumbani kwa Mama

Nesi alikuwa amechoka hoi. Juu alivaa koti la heshima, chini gauni la kulalia, na kompyuta ameiweka kwenye meza ya dawa, mgongo ameupa kitanda, maana nyumba nzima mtandao ulishika chumbani kwa mama tu. Mkutano huu wa wauguzi aliutamani kwa miaka. Mara ngapi alifunga sanduku akalifungua tena, kwa sababu kaka yake, aliyeahidi kuja kukaa na mgonjwa, ni mtu wa kesho, na kesho yake haijawahi kukucha! Safari hii mkutano umemfuata nyumbani. Mtandao una lawama zake, lakini kwa hili ubarikiwe.

Hata hivyo, si safari zilizokuwa zikimuuma. Mama alikuwa amemsahau. Yeye ndiye aliyemwogesha, akamlisha, akamgeuza ubavu, na bado aliitwa "nesi" tu, kama wodini. Angetoa chochote aitwe mwanangu hata mara moja.

"Karibu, dada, tunakusikiliza," alisema mwenyekiti.

Akaanza kueleza namna ya kumlisha mgonjwa anayepaliwa. Mwanzoni alisema kwa chini, halafu sauti ikapanda, ile sauti yake ya zamani ambayo siku hizi chumbani mle ilikuwa imegeuka mnong'ono.

Nyuma yake kitanda kikalia.

"Nani hao? Wageni wamepewa chai?"

Mkutano mzima ukacheka. "Shikamoo, mama!" akaita mwenyekiti.

"Marahaba, wanangu. Karibuni."

Nesi alitamani ardhi ipasuke. Akanyoosha kidole azime maikrofoni.

"Sasa nyamazeni mumsikilize," mama akaendelea. "Huyo anayesema ni binti yangu."

Kidole kikabaki hewani. Hakugeuka. Aliogopa kugeuka.

"Ndugu mwenyekiti," akasema, machozi yakimtiririka mbele ya kadamnasi, "naomba niendelee."

Akaendelea mpaka mwisho. Wakampigia makofi, akafunga kompyuta, ndipo akageuza kiti.

"Mama?"

Mama alimtazama kwa upole, kama mtu anavyomtazama mgeni.

"Nesi, umemsikia binti yangu?"

"Nimemsikia, mama."

"Anajua kusema, eh? Ila amechoka yule. Mwambie apumzike."

Nesi akamvutia shuka mpaka mabegani.

"Nitamwambia."