Mchoma Kando

Mume wangu anawajua nyoka kuliko anavyowajua shemeji zake, na shemeji zake wanalijua hilo. Kwa miaka ishirini na tisa amefanya kazi katika chumba cha nyoka cha makumbusho, na kumi na minane kati ya hiyo mimi nimekaa meza ya pili, nikiandika vibandiko vya chupa. Watu humwuliza tunawezaje kukaa pamoja kutwa kucha. Huwajibu kwamba mwenye sumu ni mimi tu, wale wa chupani walishakufa.

Mwanzoni mwa mwaka macho yake yalianza kumtupa mkono. Hakuniambia, nami sikumwuliza. Nilianza tu kusoma vibandiko kwa sauti, nikijifanya nanung'unikia mwandiko wangu mwenyewe, naye akajifanya hanisikii. Akigundulika, ataondolewa chumbani mle, na nje ya chumba kile sijui mtu huyu angekuwa nani. Basi nikafunika kombe mwanaharamu apite.

Asubuhi moja baada ya mvua, mchimba mitaro alituletea ndoo ya udongo wa msituni na majani yaliyooza. Ndani yake mlikuwa na nyoka mweusi anayeng'aa, mwembamba, urefu wake kama toka kidole hadi kiwiko. Alikuwa amemkuta chini ya gogo.

"Mzee, huyu ni nyoka au mnyoo?"

Mume wangu aliinama juu ya ndoo. "Huyu mpole tu, hana sumu. Sogea nikuonyeshe anavyoshikwa." Akakunja mkono wa shati.

Sasa, nyoka wengi ukiwabana nyuma ya kichwa umewaweza. Yuko mmoja ambaye kumshika hivyo ni kujitafutia balaa, na kazini tunamwita Mchoma Kando. Huishi chini ya ardhi na kuwinda watoto wa panya katika vishimo vyembamba, visivyo na nafasi ya kufungua kinywa. Kwa hiyo hafungui. Hutoa jino moja la sumu pembeni mwa mdomo uliofumbwa, akapita ubavuni mwa kitoto cha panya, akamchoma kwa kurudi nyuma. Vidole vikimbana shingo, kwake ni panya tu. Aliyenifundisha hayo yote ni mume wangu huyohuyo.

Nami nilimwona nyoka yule akipinda shingo na kuchomeka pua udongoni. Wapole hawafanyi hivyo.

Mkono ulikuwa umeshaingia ndooni. Nikisema, mchimba mitaro atajua, na kesho mkuu wetu atajua. Naona haya kukiri kwamba niliwaza hilo kwanza. Kisha nikamrukia, nikamshika kifundo cha mkono kwa mikono yangu yote miwili.

"Toa mkono."

"Mama watoto, una nini?"

"Toa mkono, baba watoto. Ni Mchoma Kando."

Hakubisha. Aliutoa polepole. Mchimba mitaro alitutazama, akasema anakwenda kunawa, akakaa huko muda mrefu kuliko uchafu wake.

"Niambie unachokiona," mume wangu akasema.

Nikamwambia. Kichwa kidogo, hujui kinaishia wapi na mwili unaanzia wapi. Jicho dogo kama kitundu cha sindano. Mkia mfupi, na nchani kijimwiba. Yeye alikuwa amefumba macho, akiitikia kwa kichwa.

"Katikati amenenepa?"

"Kidogo."

"Basi huenda ana mayai. Hatumtii chupani. Yule bwana atuonyeshe gogo lake, tumrudishe." Akafumbua macho. "Umejua tangu lini?"

"Tangu ulipoanza kuniuliza saa, na saa unayo mkononi."

"Ukanyamaza."

"Si wewe ulinyamaza kwanza?"

Akacheka kidogo, akaacha. Nilimwambia kwamba nimeogopa, kwamba miezi yote hiyo nimemficha nisimpoteze, na kidogo tu nimpoteze kwa huko kumficha. Nililia waziwazi. Alinifuta machozi kwa mkono uleule, mzima, wenye udongo, akanichafua uso mzima.

Kisha akavuta daftari la nyoka. Lina safu ya jina la aliyemtambua nyoka, na kwa miaka ishirini na tisa jina humo ni moja.

"Andika," akasema.

Nikaandika. Akainama mpaka pua ikakaribia kugusa karatasi, asiambulie kitu.

"Umeandika la nani?"

Ningeweza kumdanganya. "Lako."

"Likate, uandike lako. Halafu twende kwa mkuu nikamwambie mwenyewe, kabla sijabadili mawazo."

Nililikata. Langu niliandika kwa herufi kubwa zilizomeza mistari minne ya daftari la watu. Akazifuata kwa kidole moja moja, akalisoma jina langu lote mpaka mwisho, ndipo tukatoka.