Ugonjwa wa Uongo wa Maman Gisèle

Wamaman, musiite mutoto kwa uongo wa ugonjwa. Maman Gisèle wa mtaa wetu wa Cimpunda alifanya vile, na mpaka leo moyo unamuuma.

Binti yake Adélaïde iko mutaalamu wa nyota kule Afrika ya Kusini. Anatafuta kujua galaksi, yale makundi makubwa ya nyota, yalizaliwa namna gani. Miaka mbili alingojea zamu yake ya siku ine kwa telesikopi kubwa. Juma ile ile, mama akaota ndoto mubaya juu yake, akatamani kumuona. Kwetu, hamu peke yake hairudishe mutoto. Anarudi tu juu ya ugonjwa ao matanga. Basi akapiga simu: "Mwanangu, nimelala mugonjwa, sijue kama nitaamuka."

Adélaïde akaacha zamu yake, akapanda ndege mpaka Kigali, akavuka muto Ruzizi kwenye mupaka mbio mbio. Akamukuta mama anatwanga sombe, majani ya muhogo, jasho inamutoka.

"Maman, ugonjwa iko wapi?"

"Ilitoka nilivyosikia unakuja."

Adélaïde akacheka, kisha machozi ikamushuka. Akakula sombe, akaomba ingine. Halafu akasema polepole: "Mwangaza ya zile galaksi ilianza safari zamani sana, mbele watu wakuwe duniani. Itaningojea mwaka ingine. Lakini maman, siku utagonjwa kweli, nitajua namna gani?"

 Tangu siku ile, kila simu Maman Gisèle anaianza vilevile: "Niko muzima, mwanangu. Ni hamu ya kukusikia tu. Endelea na kazi."